Varicelle ya Nyumbani kwa Mahmoudi

Malengelenge yalimtoka Leila mgongoni kwanza, kisha tumboni na usoni. Mama yake, Rachida, mshonaji wa Tshopo, moja ya komini za jiji, akampeleka kituo cha afya. Muuguzi alimkagua, akasema ni tetekuwanga, ile wanayoiita varicelle. Mtoto akae nyumbani mpaka vipele vyote vikauke. Lakini mtaani neno mpox, ile ndui ya nyani, lilikuwa limeshafika.

Wateja walituma watu kuchukua vitambaa vyao, hata ambavyo havijakatwa. Hayo Rachida aliyavumilia. Lililomchoma lilitoka kwa kaka yake, Mahmoudi, aliyekaa na mama yao mgonjwa. Alipiga simu kumkataza asikanyage kwake, yeye wala mtoto. Rachida alipomweleza maneno ya muuguzi, alijibu kwamba huyo muuguzi hakai nyumba moja na watoto wake yeye Mahmoudi.

Magamba ya Leila yalipokwisha kudondoka, Rachida alikwenda peke yake. Djamila, mke wa kaka yake, alizungumza naye bila kufungua lango. Mama amelala, alisema. Kesho yake Rachida aliporudi, Djamila akasema vilevile. Siku iliyofuata mama alifariki, akaoshwa na wanawake wa jirani, akazikwa kabla ya alasiri. Binti yake wa pekee alipashwa habari na mwenye toleka, baiskeli ya kubeba abiria, aliyedhani anampa pole tu.

Baadaye watoto wa Mahmoudi nao wakatoka vipele. Majirani waliambiwa ni varicelle, kila mtoto huipata, na hakuna aliyebisha. Ila Djamila alikuwa mjamzito, na ugonjwa huo hakuupata utotoni. Mkunga akamwonya asiwaguse watoto. Mahmoudi akaja kwa dada yake kuomba msaada.

“Hii njo mpox ile?” Rachida aliuliza.

“Hapana. Iko varicelle tu.”

Alikwenda, kwa kuwa watoto hawakumkosea. Aliwapaka dawa, akawanywesha uji, akawa anawakata kucha wasijichune. Mahmoudi alikuwa amesimama mlangoni.

“Mama aliniita?” Rachida alimuuliza.

“Alikuita.”

“Mulimujibu nini?”

“Tulimwambia hautaki kuja.”

Rachida aliendelea na vidole vya mtoto, taratibu, asimkate nyama. Alibaki nao mpaka wakapona, kisha akarudi kwake. Tangu hapo wakikutana sokoni, watoto humkimbilia naye huwakumbatia, akawauliza habari za shule. Salamu ya baba yao haiitikii.