Mgeni Kwenye Memori Kadi

Précieux alipofariki, vitu vyake vyote vilienea kwenye gari dogo la dada yake, na kiti cha nyuma kikabaki nusu wazi. Vilikuwa makoti mawili ya baridi, Biblia, sufuria, na sanduku la karatasi lenye mashine ya gemu na diski thelathini na mbili. Dada huyo, Chimène, alivitoa Lackawanna, pembeni mwa Buffalo, akavipeleka kwake Hilliard, nje kidogo ya Columbus. Sanduku alilizungushia selotepu, akaliweka besimenti. Kwa mwaka mmoja na nusu hakuna aliyeligusa.

Mwezi wa tano wa 2016 mvua ikaingiza maji besimenti. Chimène akampigia simu mdogo wao wa mwisho, Nzigire, aliyekuwa akiishi Louisville.

"Njoo uchukue hii mizigo ya Précieux," alimwambia. "Bon, kuitupa siwezi. Na kuifungua siwezi."

Nzigire alikuwa na miaka ishirini na tisa. Alifanya kazi ghalani siku nne kwa juma, akipitisha maboksi kwenye mashine ya kusoma alama. Yeye na Précieux walifuatana kuzaliwa, na kule Bukavu walicheza gemu kwa zamu kwenye chumba cha jirani, mmoja akishika vitufe na mwenzake akimpigia kelele sikioni. Aliendesha gari hadi Hilliard, akapakia sanduku, akarudi nalo siku hiyohiyo.

Diski zilikuwa zimeanza kuharibika. Nyingi zilikuwa na ukungu, na mbili alipoziinua kwenye mwanga aliona vitundu vyembamba kama vya ncha ya sindano. Précieux alizinunua moja moja kwenye maduka ya mitumba ya Buffalo, na ndani ya kila kifuniko aliandika tarehe kwa kalamu ya bluu. Diski ikishaoza haina dawa. Nzigire akanunua hadidiski ya nje, akatazama video za watu wanaohifadhi gemu zao za zamani, akaanza kunakili.

Ilikuwa kazi ya subira. Alifuta kila diski kwa kitambaa laini, kutoka katikati kwenda ukingoni, akaiingiza kwenye kompyuta na kusikiliza ikizunguka. Nyingine zilisomeka kwa dakika ishirini. Nyingine zilikwama, zikawa zinakwaruza kama kucha kwenye bati, naye akazitoa, akaziosha kwa sabuni na maji ya uvuguvugu, akazirudisha. Mwishoni kompyuta ilimpa namba mbili ndefu, moja ya diski na moja ya nakala. Zikilingana, alijua hakuna kilichopotea. Jumamosi tatu zikapita hivyo, na zikapona diski thelathini na moja.

Ya mwisho kuishughulikia ilikuwa ya mpira, ile Précieux aliyoipenda kuliko zote. Ilinakilika bila shida. Nzigire akaona anakili na memori kadi pia, ile kadi ndogo inayotunza matokeo ya mchezaji, lakini kwanza alitaka kuona kilichomo. Akaunganisha mashine na televisheni. Ilikuwa saa nne asubuhi, jua limejaa sebuleni.

Gemu ilitunza orodha ya kila mechi, tarehe na saa yake. Ukurasa baada ya ukurasa, Précieux alikuwa amecheza na mashine, Jumatatu alizokuwa hana zamu na Jumapili baada ya kanisa. Nzigire alisoma akitabasamu. Kisha likatokea jina jingine. Jumatatu, tarehe 17 Novemba 2014, saa mbili usiku: Précieux dhidi ya MGENI. Walicheza mechi saba. Précieux alishinda tatu, akafungwa tatu, na moja wakatoka sare. Asubuhi ya tarehe 18, saa moja, wakacheza nyingine.

Asubuhi hiyohiyo, kabla ya saa nne, Précieux alifia nje ya nyumba akiwa na koleo mkononi. Moyo ulisimama akichimba theluji, ile theluji kubwa iliyofunika Lackawanna hadi madirishani.

Orodha haikuishia hapo.

Tarehe 18, saa nane mchana: Précieux dhidi ya MGENI. Na nyingine, na nyingine. Tarehe 19 mchana kutwa. Tarehe 20. Tarehe 21, hadi jioni. Nzigire alizihesabu, zikafika sitini na moja. Matokeo ya zote yalikuwa yaleyale: Précieux moja, MGENI sifuri.

Akaangalia saa ya mashine, huenda ilikosea. Ilikuwa nyuma dakika nne tu.

Akampigia Chimène, ambaye tangu utoto alimwita Yaya, yaani dada mkubwa.

"Yaya, siku zile za theluji, baada ya Précieux kufa, nani alikuwa ndani ya ile nyumba?"

"Hakuna mtu. Yule Anselm aliyekaa naye alikwama kazini siku nne, barabara zilifungwa. Kwa nini?"

Nzigire akamweleza.

"Futa," Chimène akasema. "Donc, futa tu, usicheze na vitu hivyo."

Lakini hakufuta. Mwisho wa juma uliofuata ulikuwa na sikukuu ya Jumatatu, akachukua barabara ya kaskazini. Alilala Hilliard. Asubuhi, Nzigire akiwa anakunywa chai, Chimène alimwekea bahasha mezani. Ilikuwa na karatasi za hospitali na za zimamoto, zile walizotia sahihi siku ya msiba bila kuzisoma.

Sasa Nzigire alizisoma taratibu. Zimamoto walifika baada ya saa tatu za kupambana na theluji. Walimkuta marehemu kando ya ngazi za mlango, amelazwa chali, mikono kifuani, mto chini ya kichwa, amefunikwa blanketi. Aliyepiga simu alikuwa mwanamume. Hakutaja jina.

"Ulijua habari ya blanketi?" Nzigire aliuliza.

"Nimeijua juzi, uliponipigia. Nilikwenda kuangalia." Chimène alikuwa ameshika kikombe kwa mikono miwili. "Labda ni jirani."

"Ndiye ninayekwenda kumwuliza."

"Mimi siendi," Chimène alisema. "Lakini ukifika unipigie."

Anselm, Mtanzania wa Mbeya aliyewahi kuishi nyumba moja na Précieux, alikuwa bado Lackawanna, akihudumia wazee katika nyumba ya kulelea. Alimpokea Nzigire kwa pole nyingi, kama msiba ni wa jana. Aliposikia habari ya memori kadi hakushangaa. Alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Dada Nzigire, kuna jambo sikuwaambia," alisema. "Jumatatu ile usiku nilimpigia Précieux kumwuliza kama ana chakula, maana mimi nilishaona sitatoka kazini. Akaniambia, usijali, tuko wawili. Nikadhani anasema yeye na Mungu. Alikuwa na maneno kama hayo."

"Na uliporudi?"

"Nilirudi Jumamosi. Theluji ilikuwa imepita kitasa, mlango wa mbele na wa nyuma. Ilikuwa imegandamana, haina alama hata ya paka. Mimi na mzee Mohammed, yule jirani wa mbele, tulichimba kwa muda wa karibu saa mbili. Nilipoingia, televisheni ilikuwa inawaka. Mashine inanguruma. Nyumba ilikuwa ya joto, imefagiliwa. Nilipita chumba kwa chumba, nikaangalia hadi kabatini. Hapakuwa na mtu. Nikazima mashine, nikajiambia Précieux aliiacha hivyo."

"Kwa nini hukusema?"

"Ningesema nini? Kwetu husema, mgeni njoo, mwenyeji apone. Huyu alikuja, na mwenyeji akafa. Sikujua nianzie wapi."

Wakaenda pamoja hadi mtaa wa ile nyumba. Mzee Mohammed alikuwa Mwarabu wa Yemen, aliyeletwa mji huo na kiwanda cha chuma akiwa kijana, na kiwanda kilipofungwa yeye akabaki. Aliwakaribisha barazani. Alizungumza Kiingereza cha polepole, na Nzigire alimwelewa vizuri. Alimwuliza moja kwa moja kama ndiye aliyemfunika kaka yake blanketi.

"Natamani ningekuwa mimi," mzee alisema. "Sikuweza hata kufungua mlango wangu. Nilimwona kupitia dirishani akichimba. Nilikwenda jikoni kuweka birika, na niliporudi alikuwa ameshafunikwa."

"Hukumwona aliyemfunika?"

"Siku hiyo, hapana. Nilimwona Alhamisi." Alinyoosha kidole kuelekea dirisha la ghorofa ya chini, upande wa pili wa barabara. Siku hizi lilikuwa na pazia la njano la wapangaji wapya. "Mwanamume, amekaa, amenipa mgongo, anatazama televisheni. Kando yake kulikuwa na kiti kingine kitupu. Alikuwa akigeukia kile kiti mara kwa mara, kama mtu anayezungumza na mwenzake. Nikadhani ni Anselm amerudi. Nikampungia mkono."

"Akakuona?"

"Hakugeuka. Jumamosi tulipofungua mlango nilikaa nje kumsubiri atoke, nimpe mkono wa pole." Mzee alimtazama Anselm. "Akatoka huyu peke yake."

Watoto wawili walipita na baiskeli. Nzigire aliomba ruhusa, akavuka barabara, akasimama mbele ya ngazi alipofia kaka yake. Zilikuwa ngazi tatu za mbao, mpya, hazijapakwa rangi. Alitarajia atalia. Badala yake alijikuta akitaka kubisha hodi, na ilimbidi aweke mikono mifukoni.

Jumatatu akarudi kwa njia ileile. Alimweleza Chimène yote, wamekaa ndani ya gari ili watoto wasisikie. Chimène akauliza kama Nzigire bado anataka kuiweka ile kadi.

"Nimeshainakili. Mara mbili, na namba zimelingana. Nakala moja ni yako."

Chimène aliichukua flashi ndogo aliyonyooshewa kwa ncha za vidole, kama inaunguza. Hakuirudisha.

"Mama asiambiwe," alisema.

Nzigire aliitikia, na alikuwa na nia ya kulitunza neno hilo. Lakini Jumapili iliyofuata mama alipiga kutoka Bukavu, na sauti yake ilikuwa safi kama yuko chumba cha pili, na Nzigire akajikuta anasema. Alisema habari ya mto na blanketi, ya mechi sitini na moja, ya nyumba iliyofagiliwa, na ya theluji isiyokuwa na alama ya mguu. Alingoja mama aanze kulia, au aanze kusali.

Mama hakufanya hata kimoja. Alikohoa kidogo, akauliza:

"Na huyo mgeni, siku zote nne, alikula nini?"

"Sijui, mama."

"Hukuuliza?"

"Sikuuliza."

"Ungeuliza," mama alisema.