Mkono Uliobaki Kazini

Jumatano asubuhi, katika chumba cha tiba kwa vitendo cha hospitali moja nje ya mji wa Zamboanga, Rowelyn Sumalpong alikuwa akimfundisha Nenita Faustino kufunga vifungo vya blauzi kwa mkono wa kushoto. Nenita alikuwa mkata samaki kwenye kiwanda cha samaki wa makopo. Mwezi Machi mashine ilimkata mkono wa kulia, pale kwenye kifundo, na tangu hapo hakuitwa tena kazini. Kuvunja yai na kuosha mchele alishajifunza. Vifungo ndivyo vilivyomtoa jasho.

"Anza na cha chini, dada," Rowelyn alisema. "Cha juu kina kiburi."

"Kama mume wangu."

Mkono wa kulia wa Nenita, ule uliokatwa, ukaingia kwa mlango uliokuwa wazi, ukitembea kwa vidole, umevaa glavu ya kiwandani, unanuka samaki. Mama aliyekuwa akipiga deki alisogeza ndoo.

"Hapo nimeshadeki," akauambia. "Pita pembeni."

Ukapita pembeni. Ukapanda kiti, kisha meza, ukalala mbele ya Rowelyn. Rowelyn akauvua glavu. Ulikuwa na joto la kawaida. Kidole gumba kilikuwa na jeraha bichi, na vidole havikutulia: vilikata kitu kisichokuwepo, vikageuza, vikakata tena.

"Jeraha hili ni la juzi," Rowelyn alisema.

Nenita aliutazama mkono wake. "Kumbe huu haukuachishwa kazi. Nimeachishwa mimi."

Rowelyn aliukanda kwa maji ya moto, akauchua, akaufundisha kutulia. Ukawa unakuja kila siku kabla ya zamu, na baada ya wiki vidole vikaacha kutetemeka. Kwa kuwa mgonjwa anayerudi kazini huwa anafuatwa aonwe huko huko, Rowelyn na Nenita waliufuata hadi kiwandani.

Msimamizi, bwana aliyeitwa Crisanto, aliwapokea vizuri. "Dada Nenita, umenawiri. Karibuni ndani."

Kwenye meza ndefu ya kukatia samaki hapakuwa na watu. Kulikuwa na mikono tu, safu mbili zinazotazamana, visu vikipanda na kushuka. Rowelyn aliutambua wa kwanza kwa chale ya msalaba: wa mzee Porfirio, mgonjwa ambaye yeye mwenyewe alimfundisha mwaka jana kula kwa kijiko kwa mkono wa kushoto. Aliutambua wa pili, uliopungukiwa kidole. Kisha akaona kuwa karibu yote ilikuwa ya wagonjwa wake. Kila mmoja, yeye ndiye aliyemfundisha kuishi bila mkono, akampongeza, akamuaga.

Akakaa juu ya kreti la barafu, baridi ikapenya sketi wala hakuisikia.

Nenita ndiye aliyesema. "Wenye mikono mnawaambia nini?"

"Tuwaambie nini, dada? Sisi tangu mwanzo tuliajiri mikono. Hamkuwa mnajua?" Kisha Crisanto akamgeukia Rowelyn kwa heshima. "Wewe ndiye uliyeutibu huu? Siku hizi unakata haraka kuliko yote. Kuna mingine inatetemeka. Nikuletee?"

Rowelyn alitoka nje. Alasiri alikwenda ofisi ya kazi ya serikali. Karani alimsikiliza mpaka mwisho, hakubisha lolote.

"Katika hiyo mikono, upo uliolalamika?" aliuliza.

"Mikono haina mdomo."

"Basi hatuna mlalamikaji, mama."

Jumatatu Crisanto alileta hospitalini mikono inayotetemeka, kwenye beseni. Rowelyn aliitazama, akatamani kuirudisha. Lakini ilikuwa inauma. Akaitibu.

Wa Nenita ulipokuja, mwenyewe akiwa hapo kwenye zoezi la vifungo, Rowelyn aliuuliza swali ambalo kila mgonjwa huulizwa siku ya kwanza, na ambalo huu hakuwahi kuuuliza. "Unapenda kufanya nini?"

Vidole vikakata hewa.

"Hiyo ni kazi. Nakuuliza unachopenda."

Kisha vidole vikaanza kupishana polepole, kimoja juu ya kingine, mara tatu tatu. Nenita aliinamisha kichwa. "Nywele za Liezel," alisema. "Nilikuwa namsuka kila asubuhi."

Siku hizi mkono hupita nyumbani alfajiri. Nenita anakaa kitandani, bintiye Liezel anakaa sakafuni, na mikono miwili inamsuka, wa kushoto ukiwa bado mzito. Hakuna anayezungumza. King'ora cha kiwanda kinapolia, wa kulia unaachia kitana hata kama msuko haujafika mwisho, na wa kushoto unamalizia peke yake.

Liezel anaushika mkono wa mama yake na kuuvusha barabara kuu, kwa sababu malori ni mengi na mkono hauna macho. Nenita anawatazama kutoka mlangoni. Getini mlinzi anaugeuza kiganja juu, kiganja chini, kuona kama haujaficha kitu, kisha anaufungulia. Mtoto anamwamkia, anageuka, anakwenda shule.