Kijiko cha Jenerali

Mimi ni mtu wa hasira, nasema mapema ili asije mtu akashangaa huko mbele. Mama alikuwa akisema nilizaliwa nimekunja ngumi. Lakini riziki haiangalii tabia, maana nimeishi miaka kumi na mmoja kwa kuandika na kuchora vitabu vya watoto kuhusu mboga. Nimechora karoti zenye miguu, bilinganya zinazocheza ngoma, na kabichi mnene anayewafokea nyanya. Watoto wa mtaani kwetu wananiita Bi Mboga. Mmoja aliwahi kuniuliza, kwa heshima zote, kama nikiugua naenda kwa daktari au kwa mkulima.

Kitabu kilichonipa jina ni kile cha Jenerali Karoti. Jenerali ana jeshi la mboga, na maadui zake ni Homa na Uchovu. Husafiri amesimama juu ya kijiko kikubwa chenye nyota kwenye mpini, na akifika kwenye midomo ya mtoto hupiga kelele, "Fungua mdomo, jeshi linaingia!" Watoto wanapenda vita, nami sikuwanyima. Mboga zangu zinapiga, zinakaba, zinavunja mbavu, na Homa hutolewa nje jicho limevimba. Wazazi walinunua kama hawana akili nzuri, na mhariri akaagiza kitabu cha pili.

Nina desturi moja ya kazi. Kitabu hakiendi kiwandani kabla sijakisoma mbele ya mtoto. Nashona karatasi kwa uzi, nakaa naye mkekani, nasoma, na mkono wa kulia unaandika pembeni kila anachofanya. Akicheka naandika. Akipiga mwayo naandika, na moyoni namlaani. Mtoto wangu wa majaribio alikuwa Kidoti, binti wa kaka yangu, mwenye miaka sita na alama nyeusi shavuni iliyompa jina hilo. Kaka ni fundi wa kuchomelea vyuma. Karakana yake iko mbele, nyumba iko nyuma, na ukisomea kwenye ukumbi wao lazima usubiri msumeno unyamaze ndipo utoe mstari.

Miezi mitatu kabla ya siku ninayoisimulia, nilimsomea Kidoti kitabu cha pili. Wifi yangu alikuwa amekaa mlangoni akichambua mchele, haongei, kama kawaida yake. Kurasa nane mtoto alinisikiliza bila kucheka. Ukurasa wa tisa Jenerali anarudi na kijiko chake, nami nikapaza sauti ya kijeshi, "Fungua mdomo, jeshi linaingia!" Kidoti akajiziba mdomo kwa viganja viwili, kimoja juu ya kingine, na mkojo ukatiririka mkekani mpaka ukalowesha karatasi zangu. Hakulia. Nilimtazama vizuri tu. Jino la mbele halikuwepo, na kwenye mdomo wa chini kulikuwa na kidonda kilichoanza kukauka. Nikashika kalamu nikaandika, "Uk. 9. Kijiko kikubwa mno, kinatisha. Kipunguzwe."

Ndiyo, ndivyo nilivyoandika. Nilijiambia mtoto wa miaka sita meno yanamtoka, na watoto huanguka kila siku. Nikaenda nyumbani nikakichora kijiko upya, kikawa kidogo, nikakitia maua. Nikamsomea tena, akajiziba tena. Nikakipunguza tena. Mtu aliyezoea kutengeneza vitabu akimwona mtoto anatetemeka, anatafuta kosa kwenye karatasi.

Jumamosi moja mchana nilikwenda na mchoro wa tatu. Mlango wa karakana ulikuwa umerudishwa na mashine zimezimwa, nikapita ubavuni mwa nyumba, kwenye ujia wenye mabaki ya nondo. Dirisha la jiko lilikuwa wazi. Nikamsikia kaka ndani akisema kwa sauti nene, "Fungua mdomo, jeshi linaingia!"

Nilitabasamu. Naapa, nilisimama pale na kitabu kwapani nikatabasamu, nikasema hata kaka na roho yake ya chuma anamsomea mwanawe. Halafu nikasikia chuma kikigonga jino. Ni sauti ndogo sana, lakini ukiisikia mara moja huwezi kuidhania kitu kingine.

Nikachungulia. Kidoti alikuwa amekalishwa kwenye kigoda, wifi amesimama nyuma yake amemshika mikono yote miwili, uso ameugeuzia ukutani. Kaka amepiga magoti mbele yao. Mkono wa kushoto umembana mtoto pua, wa kulia unasukuma kijiko. Hakikuwa kijiko cha dukani. Kaka alikikata mwenyewe kwenye bamba la chuma, akakikunja, akakipiga msasa mpaka kikang'aa, ila ukingo mmoja hakuumaliza. Mpini ulikuwa mrefu, na mwisho wake alikuwa amechomelea nyota. Alikuwa amechukua vipimo kwenye kitabu changu.

Mchicha uliochanganyika na damu ulikuwa umemjaa Kidoti kidevuni na kifuani. Akishindwa kupumua kwa pua, mdomo ulifunguka wenyewe, na kijiko kikaingia mpaka kooni.

Sikubisha hodi. Mlango niliupiga teke, nikanyakua sufuria ya kwanza niliyoiona, nikamshushia kaka kisogoni kwa mikono miwili. Alianguka kifudifudi juu ya kigoda, kigoda kikapinduka, mtoto na mama yake wakaenda chini pamoja.

"We! Una wazimu?" Kaka alijiinua akishika kichwa. Damu ilikuwa inampita katikati ya vidole.

"Unamfanya nini mtoto wewe?"

"Namlisha! Kliniki wamesema damu yake ndogo, ale majani. Hataki! Nimembembeleza, nimemwimbia, nimemsomea hicho kitabu chako mpaka nimekikariri. Nimfanyeje? Mchelea mwana kulia hulia yeye, au nyumbani hatukufundishwa?" Akaniinulia kile kijiko. "Tazama. Hadi kijiko nimemtengenezea."

Alikuwa anajivunia. Kwenye uso ule uliolowa damu niliona mapenzi ya baba, mapenzi ya kweli, na hayo ndiyo yaliyonipandisha zaidi. Angekuwa mlevi ningemwelewa. Nikampiga tena na sufuria, safari hii shavuni, nikasikia taya lake likilia.

Ya tatu haikufika. Kaka ananyanyua mageti mazima peke yake. Ngumi yake ilinipata chini ya mbavu, pumzi ikanitoka yote, na kabla sijaivuta nyingine alinishika nywele akanigonga uso kwenye ukingo wa meza mara mbili. Niliona jiko lote jekundu. Nilimkwaruza macho, nikamuuma bega, nikatema kipande cha shati. Tangu utoto wetu hatukuwahi kupigana namna hiyo, na tulipigana sana. Akaubana mkono wangu wa kulia mezani.

"Kwangu huingii unapiga watu!" alisema. "Kwangu!"

Akashusha kijiko. Vidole viwili vilivunjika, na nilivisikia kabla sijaumia. Akakiinua tena.

"Nakula! Baba, nakula! Usimpige shangazi, nakula!"

Kidoti alikuwa sakafuni kwa magoti. Alikuwa anazoa mchicha uliomwagika, anaukomba na mchanga wake, na kuushindilia mdomoni kwa mikono miwili. Hakutafuna. Alijaza mashavu, akaongeza, akasukuma kwa vidole, macho yametukodolea sisi kuhakikisha tunamwona. Mkono wa kaka ukaganda hewani.

"Umeona?" aliniambia akihema. "Kumbe anaweza."

Sitalisahau neno hilo nikiwa hai. Kidoti alikuwa ameacha kusukuma. Mabega yalimpanda hayashuki, hakuna sauti iliyotoka, na midomo ikaanza kubadilika rangi. Alikuwa amepaliwa, na baba yake alikuwa bado anafurahi.

Nilijivuta kwenye meza nikamwangukia, nikamlaza kifudifudi juu ya paja langu kichwa chini, nikampiga mgongoni kwa kiganja cha kushoto. Mara ya kwanza nilimwonea huruma, mchicha haukutoka. Ya pili na ya tatu nilipiga kwa nguvu zangu zote, mimi niliyevunja mlango kwa sababu mtu anamwumiza. Ubavu wake mdogo ulikuwa unadunda chini ya mkono wangu kama ngoma iliyolegea. Ya tano donge likaruka sakafuni, kijani na nyekundu, na ndani yake kipande cha jino. Akavuta hewa, akapiga kelele, na damu ikaanza kumtoka mdomoni kwa wingi. Ule ukingo usiopigwa msasa ulikuwa umemkata ulimi.

"Hospitali," nilisema.

Kaka alikwisha kusimama mlangoni. "Hatoki mtu hapa na mwanangu. Nitampeleka mimi, nikishaosha hiyo nguo. Mnataka watu waseme nini?"

Nilijaribu kupita. Akamshika Kidoti mkono mmoja, mimi nikamkumbatia kiunoni, na tukamvuta, ndugu wawili wa tumbo moja, mtoto katikati analia kwa sauti ya mnyama. Nilijua nitashindwa. Nilijua pia kwamba nikimwachia sitamkuta hai.

Tangu nilipoingia wifi hakuwa amesema neno. Alikuwa amekaa pale alipoangukia, mgongo ukutani. Basi alisimama taratibu kabisa, kama mtu anayekumbuka kazi aliyoiacha, akauchukua mchi uliokuwa pembeni ya mlango, akampiga mumewe gotini. Goti likaenda upande ambao goti haliendi. Kaka akaanguka akipiga mayowe, bado amekamata gauni la mtoto. Wifi akampiga mkononi, mkono ukaachia. Pigo la tatu halikuwa na haja, lakini alilitoa.

"Twende," aliniambia.

Hospitali Kidoti aliingizwa ndani, na sisi tukakalishwa kwenye benchi la korido. Jirani alituletea habari kwamba polisi wamemkuta kaka palepale jikoni na wanamsubiri atibiwe ndipo wamchukue. Nilisikia kwa sikio moja. Vidole vyangu vilikuwa vimevimba kama ndizi mbivu, jicho moja limefunga, na hasira yangu ilikuwa inatafuta mtu wa kumshukia. Ikamwona wifi.

"Ulikuwa unamshika mikono," nilisema.

"Akijitikisa kinamkata zaidi," alijibu. "Nilijifunza siku ile ya jino."

"Sasa kwa nini hukuniambia mimi? Mimi shangazi yake! Nakuja kwenu kila wiki, unanipikia chai, unanyamaza!"

Wifi alinigeukia. Nadhani ilikuwa mara ya kwanza kunitazama machoni tangu aolewe.

"Ulikuwa unaandika," alisema.

"Nini?"

"Ulimwona amejikojolea, amejiziba, hana jino. Ukamtazama vizuri, ukashika kalamu ukaandika. Na safari ya pili ukaandika. Nikasema, wifi yangu ameona, ni mtu wa maandishi, anajua pa kupeleka. Nikawa nasubiri watu waje. Kila gari likisimama nje, nilikuwa nachungulia."

Mimi sikosi jibu. Nimewajibu wahariri, nimewajibu walimu, nimemjibu baba mzazi akiwa kitandani mwa mauti. Yeye nilimwambia ukweli, neno kwa neno, kile nilichokiandika kwenye ile karatasi. Wifi akainamisha kichwa. Hakunitukana. Ningefurahi kama angenitukana.

Muuguzi akatoka. "Tunahitaji mtu wa familia. Ulimi unavuja sana, daktari lazima ashone sasa hivi. Amekaza meno, hamruhusu mtu. Nani atamshika?"

"Mimi siwezi tena," wifi alisema, na akaugeuzia uso ukutani.

Nikaingia. Kidoti alikuwa kitandani chini ya taa kali, meno ameyauma, damu inachuruzika pembe zote mbili za midomo. Daktari alikuwa kijana mpole, amesimama na bomba la ganzi, na kwenye trei kando yake kulikuwa na kifaa cha chuma cha kutanulia taya. Mtoto alikuwa anakitazama hicho tu. Aliponiona, alisema kwa kupitia meno, "Shangazi, nimemaliza yote."

"Umemaliza, mwanangu," nilisema. "Umemaliza yote. Chakula kimekwisha."

Nilitaka kumwambia daktari tungoje. Aliniwahi. "Mama, akiendelea hivi damu itamshukia kwenye mapafu. Hatuna dakika tano."

Basi nilipanda kitandani kwa viatu vyangu, nikamlaza mgongo kifuani pangu, nikamzungushia mkono wangu uliovunjika vidole na kuibana mikono yake miwili, vilevile mama yake alivyoibana. Alijua ninachofanya. Alinipiga teke, akanigonga kidevu kwa kisogo, akaniita jina baya ambalo sikujua kama analijua. Daktari akashika kile chuma.

"Weka chini," nilisema. "Mle haingii chuma kingine leo."

"Bila hiki siwezi kushona."

Nikapenyeza vidole vya mkono wa kushoto, vile vizima, mkono wa pekee niliobaki nao wa kufanyia kazi, pembeni mwa shavu lake mpaka nyuma kwenye magego. Alipofungua kinywa kupiga kelele vikaingia katikati ya meno. Akang'ata. Aling'ata kwa nguvu zote alizokuwa ameziweka miezi mitatu, ngozi ikaachia, meno yakafika mfupani, na daktari alinitazama usoni akaona nimekaza, akachoma ganzi, akaanza kushona. Zilikuwa nyuzi nne. Katika ya pili machozi yangu yalikuwa yanamdondokea kwenye paji la uso. Alijitahidi kugeuka anione.

"Ng'ata," nilimwambia sikioni. "Ng'ata tu, mama. Usiniachie."

Akang'ata.