Mikono Yote Kambani

Kismayu walimcheka Zubeiri. Aliwaambia kwamba visiwani kwetu yupo samaki anayewavulia watu kasa, wakamjibu kuwa hata mashine yake ya picha zinazotembea haiwezi kuubeba uwongo huo. Basi akaja Kudhaa, nilikokwenda kumwonyesha mama mjukuu wake, akamwomba mume wangu Famau, mtoto wa ami yake, ampeleke akampige picha samaki huyo mwenyewe. Filamu ilibaki moja tu.

Tuliondoka asubuhi kurudi Chula: Famau, mimi, Kaltuma wangu kifuani, na Zubeiri ameikumbatia mashine yake ya miguu mitatu. Nikamuuliza, "Shemeji, huyo umemtolea mahari?" Akasema angalau huyu hana maneno.

Bahari ilikuwa imelala. Chini tuliona mchanga, majani, na kivuli chetu kikipita. Famau alipomwona kasa, alimtoa ndooni taza, yule samaki wetu wa kuvulia, akamfunga kamba mkiani, akamnong'oneza kama anavyomnong'oneza mtoto, akamwachia. Zubeiri akaanza kuzungusha mpini wa mashine.

Samaki yule hapiti urefu wa mkono wangu. Alikwenda moja kwa moja, akajigeuza, akakinatisha kichwa chake kwenye gamba la kasa. Kamba ikakaza. Nimezaliwa humu, na bado niliinama kuchungulia.

Kwetu kamba ikikaza, kila aliye chomboni huigusa. Asipogusa mmoja, taza huachia. Nikashika. Nikakifumbua kiganja cha Kaltuma, nikakiweka juu yake. Zubeiri alikuwa bado anazungusha, mkono wa pili umeizuia mashine isipinduke.

"Mkono wako," Famau akamwambia.

"Kidogo, ndugu yangu. Hajatoka majini. Wasipomwona, nitarudi na nini?"

"Taza anachoka, Zubeiri."

Akaitazama kamba ikitetemeka chini ya vidole vya mtoto. Akaacha kuzungusha, akashika.

Niliuona uso wake ile nguvu ilipompanda mkononi. Kasa akaibuka polepole, mpana kama mlango, maji yakimchuruzika, taza angali amenata. Zubeiri alikuwa akicheka na machozi yanamtoka.

Filamu ilipelekwa mbali kusafishwa. Iliporudi, waliionyesha kwenye shuka ndani ya bohari moja Kismayu, alasiri, madirisha yamezibwa kwa magunia. Nilikwenda. Nikamwona mume wangu akipumua ndani ya nuru. Nikamwona mwanangu, mdogo kuliko alivyokuwa mapajani pangu saa ile, vidole vikifunguka juu ya kamba iliyokaza. Subhanallah. Kisha shuka ikawa nyeupe.

Watu wakapiga kelele: kasa yuko wapi? Mahmudi, muuza nguo aliyemcheka kuliko wote, ndiye aliyesimama.

"Uliacha hapo kwa nini?"

"Walihitaji mkono wangu," Zubeiri akasema.

Nilingoja kicheko. Mahmudi alikuwa bado anaitazama shuka tupu. Akauliza, kwa sauti ya chini, kama kasa yule ana nguvu sana.

Zubeiri akamwambia alete mkono. Akaushika kwa mikono yake yote miwili, akauvuta.