Sauti ya Msichana wa Sinia

"We Kabatesi, sauti ya katoto umekuja nayo?" Sebagabo, mwenye ukumbi wa video, alisukuma kaseti mpya ndani ya deki. "Watu iko wamejaa. Wakiondoka leo, kesho namupa Evode maikrofoni. Ye anasemea filamu za karate. Kule kelele tu inatosha."

Kabatesi akaketi kando ya televisheni. Tangu arudi peke yake kutoka Tanzania, alipata riziki kwa kuwasemea Wamarekani wa filamu kwa Kiswahili: baba, mama, jambazi, hata mbwa. Wapagazi wa mpakani, Petite Barrière, walikuja kumtazama binti mmoja wa filamu za zamani, mdogo, mwenye mashavu ya mviringo na pua ya kukunjakunja. Sokoni walimwuliza Kabatesi, "Katoto iko salama?" Yeye mwenyewe hakuulizwa.

Picha ikawaka, nyeusi na nyeupe. Mtoto akashuka ngazi mbio.

"Katoto yetu!" Saidati, muuza sambaza, vile visamaki vya ziwani, akapiga makofi.

Hakuwa yeye. Huyu alikuwa mwingine, mpya. Nyuma yake aliingia msichana mrefu mwenye aproni, sinia mkononi, na kabla ya kulitua akakunja pua. Kabatesi akaitambua ile pua.

Mtoto akafungua kinywa.

"Tia sauti!" Sebagabo akanong'ona.

Kabatesi akamsemea mtoto huyo kwa sauti ya kawaida tu, kama angemsemea jirani yeyote. Ukumbi ukapoa. Kisha msichana wa sinia akainama mezani, na ile sauti nyembamba waliyoipenda ikatoka kwake: "Chai, mama."

"Ah-ah! Umekosea," Saidati akacheka. "Ule ni mutumishi tu."

"Ndiye," Kabatesi alisema, kwa sauti ambayo ukumbi ule haukuwahi kuisikia. "Amekua. Siku hizi wanampa maneno mawili tu."

"Bon, turudishie katoto!" mpagazi mmoja akapaza sauti.

Mabenchi yakalia. Wapagazi walianza kutoka, mmoja, kisha kundi. Kwenye kioo msichana naye akatoka na sinia, mlango ukafungwa nyuma yake, na matajiri wakaendelea kula. Sebagabo akanyoosha mkono kudai maikrofoni.

Kabatesi akaikumbatia.

"Niko jikoni," ikasema ile sauti ya katoto katika maikrofoni, ilhali msichana haonekani tena. "Maji yanachemka. Huku hawaji kunitazama. Kuna mtu hapo?"

Saidati alikuwa amefika mlangoni, beseni kichwani. Akasimama, pazia mkononi, na mwanga wa mchana ukaanguka juu ya benchi tupu.

"Kuna mtu?"

Saidati hakutoka. Hakurudi. Pazia likabaki wazi nusu.