Mji Alioutoa Kidawa

Nimekaa ukumbini nachambua mbaazi, jua limesimama kichwani, na wajukuu zangu wawili, Riziki na mdogo wake Kidawa, wanategeana vitendawili kwenye mkeka mbele yangu. Nawaambia, nyie watoto, vitendawili ni vya usiku, mama yangu akisema cha mchana humpoteza mtu njia. Riziki anacheka, aa Bibi nawe, mambo ya zamani hayo. Anatega tena, Kidawa anakuna kichwa, ameshindwa tena. Basi nipe mji, anasema Riziki. Ada ndiyo hiyo, aliyeshindwa hutoa mji, na aliyetega husafiri mpaka huko kwa maneno tu, kisha ndipo alitoe jibu. Kidawa ametoa Tanga, ametoa Korogwe, ametoa Unguja, ametoa hata Ulaya, miji imemwishia. Haya chukua hapahapa, anasema, chukua Kwemzizi yote na bibi ndani yake! Wanacheka mpaka wanalala chini. Nataka kumkataza, mtoto hatoi kwao hata kwa mchezo, lakini mdomo ni mzito, kichwa kinainama, mbaazi zinateleza mapajani nami nateleza nazo, nakivuka kizingiti cha mlango nikiwa vilevile nimekaa, na upande wa pili nimesimama barabarani.

Jamani! Barabara haina mwanzo wala mwisho, kila nikigeuka imehamia pengine. Kando yake ni miji. Naiona Tanga, naipita, naiona Tanga tena, na tena, kama mji unaojitazama kwenye kioo, ila hii ina bahari sebuleni mwa watu, ile ina treni ya mkate, ile nyumba zake zinatembea zikidonoa kama kuku. Naiona Ulaya, ni chumba kimoja tu, kina baridi, na ndani mna mtu mmoja amevaa koti. Kwenye kibaraza zimwi linajichana nywele, limechoka, linaniambia shikamoo. Naitikia marahaba, nitafanyaje? Makubwa haya, nasema, miji hii nani kaijenga? Ni midomo yenu, sauti inasema ubavuni pangu, nageuka, napiga ukelele. Ni mwanamke mrefu, amejifunga kanga mbili, na usoni hana kitu, hana jicho, hana pua, laini kama yai lililomenywa. Usiogope bibi, anasema, mimi ndiye mwenye kuongoza wageni. Namuuliza, hapa ni wapi? Hukaa mdomoni na halimezwi, anasema. Mwanangu, mimi mtu mzima, usinitegee, sema. Anacheka, sijui anacheka na nini. Ni nchi ya yaliyosimuliwa, bibi. Kilichosemwa kipo, kisichosemwa hakipo. Na wewe, uso wako uko wapi? Sijasimuliwa na mtu, anasema, na anaongoza njia.

Tunakwenda, barabara inajikunja, inajikunjua, na mbele yangu, Yarabi, nauona mkorosho wetu, nayaona mabati ya nyumba yangu, naiona Kwemzizi nzima imewekwa pale kama kapu, udongo wa chini ungali mbichi. Watu wangu wamo. Mkwe wangu anatwanga, mchi unashuka bila kishindo, na usoni mwake panafutika kama ubao unaopitishwa kitambaa. Napita nyumba hadi nyumba, naita, wanageuka na nyuso nusu. Kidawa yuko mkekani, ananiona, anataka kuniita, na mdomo hana. Macho tu ndiyo yamebaki, yananitazama. Namshika mashavu, nayasugua, kana kwamba mdomo uko chini umefunikwa. Nampigia kelele yule mwanamke, mrudishe! Mtoto alikuwa anacheza! Ametoa, bibi, na kilichotolewa ni chetu, kitapata sura atakayopenda msimuliaji. Kilichotolewa hurudishwa kwa njia ileile, kwa kitendawili. Tega. Tukishindwa, utapewa mji unaoutaka.

Basi wamekuja wote kunizunguka, zimwi na sungura na watu wa zile Tanga zote. Kitendawili, nasema. Tega! Nyumba yangu haina mlango. Sijafunga mdomo, yai lenyewe linabingirika katikati, linasema, mimi hapa! Wanacheka sana. Natega tena, kila niendapo ananifuata. Kivuli kinanyanyuka, kinasema, abee bibi. Sungura anapiga makofi, bibi huyu anatuletea vya kwetu, ni kama kumwuzia mvuvi samaki! Natega, natega, kila ninachokijua wao wanakijua, wao ndio hicho. Namtazama Kidawa, jicho moja limekwenda. Nakaa chini kwenye udongo mbichi, na hapo kinanijia, sikukitafuta, kimekaa kooni tangu usichana wangu. Kitendawili, nasema. Tega! Nambeba kila siku, hajanichosha, na hajaitwa hata mara moja.

Sungura analitazama zimwi, zimwi linamtazama sungura. Mzigo? Si mzigo. Deni? Si deni. Jicho la Kidawa linafifia. Yule asiye na uso ameweka mkono kifuani, anasema polepole, hicho hatukijui, bibi. Nipeni mji, nasema, nakaribia kulia. Nenda Kwemzizi, wanajibu wote, na papo hapo mchi unatoa kishindo, mkwe wangu anapiga chafya kwa pua yake mwenyewe, na Kidawa anaita, Bibi! Namkumbatia, namwinua twende. Lakini yule mwanamke amesimama njiani. Jibu, bibi. Aliyepewa mji hutoa jibu.

Jibu hilo sijampa mtu, hata marehemu mume wangu hatukulitaja tena. Nasema, nimefika Kwemzizi, nikakuta binti nimemzaa mimi, wa kwanza, alfajiri. Alipumua mpaka jua likatoka. Wazee wakasema kichanga hakiwekewi matanga, funga mdomo, utapata wengine. Nikafunga. Jina sikumpa. Nasema hivyo, na pale palipo laini kama yai panachimbuka, inaota pua, ni pua ya mama yangu, yanafunguka macho, ni macho yangu mwenyewe, na mimi napiga magoti. Kumbe ndiye mimi, anasema, anajishika mashavu kwa viganja viwili. Kumbe ndiye mimi. Na naitwa nani, mama? Kijiji kinaondoka, kinanivuta nyuma pamoja na mkeka na mkorosho, barabara inapanuka kati yetu, namwita kwa nguvu zangu zote, Mwanamkasi! Mwanamkasi!

Bibi, amka. Kidawa ananitikisa, mbaazi zimetapakaa ukumbini kote. Nampapasa mdomo, pua, macho yote mawili, anacheka, unanitekenya! Ulikuwa unaita usingizini, Bibi, Mwanamkasi ni nani? Shangazi yako, namwambia. Kidawa anakunja uso, mbona sijamwona hata siku moja? Natazama nje. Mkorosho upo, mabati yapo, mkwe wangu anatwanga. Ni kijiji changu nilimolala, au ndicho nilichopewa? Hodi, sauti ya mwanamke inasema mlangoni. Karibu, Kidawa anaitikia, anakimbia kufungua. Mimi nimeshasimama, maana sijui nimeamkia upande upi, na nikiuliza ni nani, nitajua.