Siku Kumi na Tisa Bila Kutazama

Zeynure aliitwa kituo cha polisi mkono ukiwa ndani ya tanuri, nusu ya mikate bado iko kwenye ubao. Akafuta unga kwenye aproni, akaenda. Hapa Hotan, mji wa Waislamu wa Uighur huko China, ukiitwa huulizi kama utamaliza mkate kwanza.

Afisa Osman, jirani aliyekula mikate yake miaka yote, hakumpa kiti. Alikuwa anasoma kwenye kompyuta.

"Dada Zeynure, siku kumi na tisa simu yako haijafungua kitu. Kuna nini?"

Angemwambia nini? Kwamba ameizima na kuifukia kwenye pipa la unga? Baba mkwe wake alipofariki, mwosha maiti wa mtaa alikuwa keshachukuliwa na polisi kwa mambo ya dini, mama mkwe ulimi umefungwa na kiharusi, na Memtili, mumewe, hakujua aanzie wapi. Akatafuta kwenye simu video ya jinsi maiti ya Mwislamu inavyooshwa. Dakika tatu tu. Kesho yake wakaja kumchukua, na mpaka leo hakuna anayesema yuko wapi.

"Mimi sitazami chochote, kaka. Kosa langu nini?"

"Wenzako wote wanatazama. Asiyetazama tunamwandika kuwa anaficha kitu. Tazama mapishi, tazama vichekesho. Kwani wewe huchekagi?" Akashusha sauti. "Na yule mama amebaki na wewe tu. Ukiondoka, nani atamlisha?"

Basi akatazama. Lo, alitazama! Asubuhi bata wa kuchoma, mchana watu wazima wakitumbukia kwenye matope, jioni nyimbo asizozielewa. Simu aliisimamisha kando ya unga aliokuwa akikanda. Mikate ikamuungulia mara mbili, na hasira akaimeza.

Ijumaa asubuhi mama mkwe akakata roho, chai yake haijapoa. Zeynure akafunga mlango, akapasha maji, akasimama na kata mkononi. Hakuwahi kuosha maiti. Aanze kichwa au mikono? Mara tatu au tano? Simu ilikuwa pale rafuni, ingemwambia yote. Akaona aibu mbele ya yule mama, aibu ya kumkata maini.

Kisha akakumbuka kwamba tangu alfajiri hajatazama kitu. Akaifungua. Wachekeshaji wakaanza kuangusha sahani, watu wakaangua kicheko, naye akammwagia mkwewe maji kwa kubahatisha.